Pigo la Tatu

Watu wakinisifu kwa ile kengele huwa natabasamu na kuinamisha kichwa, nao hudhani ni unyenyekevu. Si unyenyekevu hata kidogo. Ni aibu, na nilitembea nayo miaka miwili bila kumwambia mtu.

Kazi yangu ni kutunga muziki wa filamu. Wengi hapa Arusha hawajui kama kuna kazi ya namna hiyo. Mama mwenye nyumba wangu wa Kimandolu alidhani kwa muda mrefu kwamba nafanya biashara ya mayai, kwa sababu aliniona nikiingiza ndani trei tupu mia mbili. Nilizibandika ukutani kuzuia mwangwi. Siku nilipomweleza kwamba natunga ule muziki unaolia mtu anapokufa kwenye filamu, akafikiri kidogo akaniuliza, "Na kama hafi mtu?" Nikamwambia huo pia natunga, ila hakuna anayeukumbuka.

Nilianza na filamu za wanyama, zile za kuwaonyesha watalii. Kila mwenye filamu alitaka ngoma. Twiga akinywa maji, ngoma. Simba akilala usingizi wake wa mchana, ngoma. Nilikuwa nakaribia kuichukia kazi ndipo Hans akanipigia simu. Hans ni mwongozaji filamu, anaishi Engutoto, na wakati huo alikuwa anamaliza filamu yake kubwa ya kwanza. Ilimhusu mwanamke wa huku kwetu, mlimani Meru, ambaye yuko shambani anapalilia na kengele ya kanisa inalia, naye anajua kuna aliyekufa kabla hajaambiwa na mtu. Sehemu hiyo haikuwa na neno hata moja. Ilikuwa kengele na uso wa yule mama, dakika mbili nzima.

Nilimpelekea kengele tatu za kwenye kompyuta. Alizisikiliza zote, akavua miwani.

"Aisee Anande, hizi ni kengele za Wazungu," akasema. "Mama wa Meru hawezi kuacha jembe kwa kengele hizi. Nataka yenyewe. Na naitaka Jumatatu."

Yenyewe nilikuwa naijua tangu utotoni. Katika usharika wetu, huko juu ya Tengeru, kengele ya ibada huvutwa kwa kamba na hulia haraka haraka. Ya msiba haivutwi. Mpigaji hupanda mnarani na nyundo ya mti iliyovishwa ngozi ya mbuzi, akagonga taratibu, pigo moja moja. Tisa ni mwanamume, saba ni mwanamke, tatu ni mtoto. Kila mtu shambani husimama akahesabu. Siku hizi simu zipo mpaka kwa wachunga ng'ombe, lakini kwetu mtu alikuwa hajafa sawasawa mpaka kengele ihesabiwe.

Mpigaji alikuwa Mzee Abdiel, kwa miaka thelathini na moja. Yeye ndiye aliyenifundisha kusoma muziki nikiwa na miaka tisa, do re mi, kwa chaki kwenye mlango wa stoo ya kanisa. Muziki wote nilionao nilianzia kwake. Nilikwenda kwake Alhamisi asubuhi, saa nne, nikamkuta anafagia mbele ya kanisa. Nilikuwa nimeshawasha kinasa sauti kikiwa shingoni, maana ni tabia yangu kukiwasha mapema nisije nikapitwa na kitu.

"Shikamoo Mzee."

"Marahaba mwanangu. Leo umekumbuka kwenu?"

"Nina shida, Mzee. Naomba unipigie ya msiba. Tatu tu, nirekodi."

Alicheka. "Ya msiba wa nani?"

"Hakuna msiba. Ni ya filamu."

Akaacha kucheka. "Ile haipigwi bila mtu, Anande. Unajua."

"Mchungaji ameshakubali," nikasema.

Hata sasa nikiandika hivi uso unanipata moto. Mchungaji alikuwa Moshi mkutanoni na sikuwa nimemuuliza chochote. Nilijua nikimuuliza angelipeleka jambo hilo kwa baraza la wazee wa kanisa, baraza likae, liombe, liahirishe, na Hans aliitaka Jumatatu. Uongo ulitoka kinywani mwangu laini kabisa, tena kwa sauti ya heshima.

"Ameshakubali?" Mzee akauliza.

"Ndiyo Mzee. Jana, kwa simu."

Alinitazama, kisha akaegemeza ufagio ukutani. Mzee Abdiel hakuwahi kunisikia nikidanganya, kwa hiyo aliamini. "Basi nitakupigia mbili," akasema. "Mbili hazina mtu."

Nilitega kipaza sauti kimoja dirishani mwa mnara, kingine chini ya ngazi, nikavaa spika za masikioni. Pigo la kwanza lilikuwa zuri. La pili likaharibiwa na pikipiki iliyopita barabarani. Mzee alichungulia kutoka juu kwenye tundu la sakafu, na mimi nikamwinulia kidole kimoja. Moja tena.

Alikaa kimya kitambo kirefu. Kisha akagonga la tatu, na sijawahi kusikia sauti kama ile. Nikainua mkono kumwambia imetosha, lakini hakuwa ananitazama. Aligonga la nne, la tano, la sita, na kila pigo lilikuwa karibu zaidi na lililotangulia, kama mtu anayeshuka mteremko na kushindwa kujizuia. Akamaliza la saba. Nilidhani mzee amenogewa. Nilikuwa nimefumba macho kwa raha.

Aliposhuka alikuwa ameloa jasho. "Nenda mjini, mwanangu," akasema. "Nenda sasa hivi."

Nilikusanya vifaa vyangu, nikamshukuru, nikaondoka na gari. Njiani niliwaona wanawake wawili wakikimbia, miguu imejaa udongo, mmoja kashika kanga yake mkononi. Nikajiambia wanawahi gulio, ingawa siku ya gulio haikuwa hiyo.

Jioni Mzee akanipigia simu. Watu waliohesabu saba walijua ni mwanamke, na mwanamke aliyekuwa mgonjwa sana kijijini alikuwa mmoja tu, Bibi Evaresta. Walikwenda kwake na kuni, na mikungu ya ndizi, wengine wakilia kwa sauti tangu kwenye kona. Walimkuta nje, amekaa kwenye kigoda anaota jua, binti yake Vaileth amepiga magoti mbele yake anahema. Bibi Evaresta akawauliza, "Amekufa nani?"

"Mchungaji anasema hakuniruhusu," Mzee akaniambia kwenye simu. Sauti yake haikuwa na hasira. "Labda amesahau. Jumapili baraza linakaa baada ya ibada. Njoo tu uwaeleze mlivyoongea."

"Nitakuja, Mzee."

Jumapili ile nilikuwa Engutoto kwa Hans, nimefunga mlango, nachanganya sauti. Kabla ya ibada kwisha nilizima simu. Niliiwasha Jumatatu, baada ya Hans kuipokea kazi na kunikumbatia.

Yaliyotokea kwenye baraza niliyasoma kwenye kundi la WhatsApp la usharika. Mzee Abdiel alikuwa amewaambia wazee kwamba siku hizi anasahau, kwamba alipanda mnarani mwenyewe akidhani ameletewa taarifa ya msiba. Hakunitaja. Wazee wakamsikitikia, wakamnyang'anya ufunguo wa mnara. Wakaamua pia kwamba kengele ya msiba isipigwe tena, matangazo yatolewe kwa spika. Chini yake mtu ameandika, "Tumwombee mzee wetu." Na mimi, kwa mikono yangu hii, niliweka alama ya mikono ya kuomba.

Majuma matatu baadaye Bibi Evaresta akafariki kweli. Ilitangazwa kwa spika, katikati ya tangazo la mkutano wa kahawa na tangazo la mbuzi aliyepotea. Alikuwa mwanamke wa kwanza wa usharika ule kuzikwa bila kuhesabiwa. Sikwenda kwenye mazishi. Nilituma rambirambi.

Filamu ilitoka na ikapendwa. Ilipewa tuzo, na nikapewa ya kwangu peke yangu, ya muziki. Wote walizungumzia zile dakika mbili. Kwenye redio mtangazaji aliniuliza mapigo yale yanayokimbia niliyapataje, nikamjibu bila kupepesa macho, "Niliyapanga hivyo. Ni moyo wa mtu anayejua kabla hajaambiwa." Simu zikaanza kuingia kutoka Dar, kutoka Nairobi, na kila aliyenipa kazi alitaka kitu kama kengele. Nyumbani waliitambua sauti, lakini walidhani nilikuwa nimeirekodi zamani kwenye msiba fulani. Sikuwasahihisha.

Mwaka huu tukapata mchungaji mpya, kijana mchangamfu, akanipigia. Vijana walikuwa wamemwonyesha filamu. "Dada Anande, tunataka hiyo sauti," akasema. "Tuicheze kwenye spika kila anapofariki mtu, badala ya tangazo kavu. Uilete Jumapili, na usharika utakushukuru rasmi mbele ya madhabahu." Nikasema ndiyo. Sijui kwa nini mdomo wangu ni mwepesi hivi kusema ndiyo.

Ijumaa nikaifungua ile rekodi nzima ili niisafishe upya. Tangu siku zile nilikuwa sijaisikiliza yote, nilikata mapigo yaliyotoka safi tu, mengine yote nikayatupa kando. Sasa nikajisikia mwenyewe, sauti safi kabisa, hakuna hata upepo: "Mchungaji ameshakubali." Nikataka kuzima. Nikaendelea. Kati ya pigo la tatu na la nne kulikuwa na sauti ndogo ambayo wakati ule niliiondoa kama vumbi. Nikaikuza. Ilikuwa sauti ya Mzee, huko juu, peke yake.

"Ee Mungu wangu. Shule."

Nilirudia mara nyingi na sikuielewa. Jumamosi asubuhi nikapanda mlimani.

Nilimkuta nyuma ya nyumba anamkatia ng'ombe mgomba. Alikuwa amepungua. Alinipokea kama zamani, akaniletea loshoro kwenye bakuli na kukaa karibu yangu kuhakikisha nakula. Nilionja kidogo ule ugali wa maziwa mgando, nikaacha.

"Mzee," nikasema, "siku ile nilikuomba moja tena. Kwa nini ulipiga saba?"

Aliweka panga chini.

"Nilikaa kimya kwanza, nikidhani watu watahesabu upya," akasema. "Nikagonga. Kule juu unaona mashamba yote, Anande. Niliona wamama wanainuka mmoja mmoja, wanaangalia shule. Halafu wakaanza kukimbia. Tatu ni mtoto. Kila mmoja alikuwa anakimbilia wa kwake."

Akaokota jani la mgomba, akalikunjakunja.

"Ningeishia pale wangekufa njiani wale. Nikaona heri nifike saba. Wakifika saba watakwenda kwa Evaresta, watamkuta mzima, atawacheka. Evaresta alikuwa mtu wa kucheka. Ndiyo maana niliharakisha, nilitaka kuitoka ile tatu."

Mapigo yangu yanayokimbia. Moyo wa mtu anayejua kabla hajaambiwa. Nilitamani ardhi inimeze, bakuli na yote.

"Ulijua lini kwamba nilikudanganya?"

"Ulipozima simu."

"Na hukusema."

"Ningesema nini? Kwamba mtoto niliyemfundisha mwenyewe ni mwongo?" Akatabasamu kidogo, na heri angenipiga. "Bora waseme Abdiel amezeeka. Hilo hata ni kweli."

Nilianza kuomba msamaha, maneno yakija yote kwa pamoja. Akainua mkono.

"Nilishakusamehe, kula. Mimi ufunguo si kitu. Ila Evaresta tuliimba naye kwaya miaka arobaini. Aliniambia, Abdiel, nikifa unipigie wewe, taratibu, usimwachie mtu mwenye haraka. Nikamwahidi." Akageuza uso kumtazama ng'ombe. "Huyo ndiye sijui nitamwambia nini."

Nilishuka mlima nikiwa na flashi mbili mfukoni. Moja ilikuwa na kengele iliyosafishwa. Ya pili ilikuwa na rekodi nzima.

Jumapili kanisa lilijaa. Mchungaji alinisimamisha mbele, akawaambia vijana wanitazame vizuri, kwamba binti wa mlimani ameifikisha kengele yetu mbali. Wakapiga makofi na vigelegele. Mzee Abdiel alikuwa benchi la nyuma, karibu na mlango, mahali wanapokaa wageni. Vaileth alikuwa katikati na mwanawe wa miaka minane. Nilikwenda kwenye mashine mwenyewe. Nitasema ukweli, mkono ulishika kwanza flashi ya kengele safi, na ulikaa nayo kwa muda. Kisha nikachomeka ile nyingine.

Spika za kanisa letu ni kubwa. "Shikamoo Mzee," nikasikika nikisema, na watu wakacheka, wakidhani ni igizo. Walicheka tena Mzee alipouliza msiba wa nani. Ilipofika "Mchungaji ameshakubali", aliyecheka hakuwepo. Wazee wa kanisa wote walikuwepo siku ile baraza lilipomnyang'anya Mzee ufunguo. Kisha mapigo yakaja, moja, mbili, tatu, na sauti ya Mzee ikimwita Mungu, na manne yale yanayokimbia.

Nikachukua kipaza sauti. "Mzee Abdiel hakusahau kitu," nikasema. "Alidhani ana ruhusa kwa sababu mimi nilimdanganya. Alipoitwa kujieleza, nilizima simu. Bibi Evaresta amezikwa bila kengele kwa sababu yangu. Na yale mapigo niliyopewa tuzo sikuyapanga mimi."

Mchungaji wa watu alikuwa amebaki na shada la maua mkononi, hajui alipeleke wapi. Ndipo Vaileth akasimama.

"Mimi nilikuwa shambani," akasema. Hakunitazama, alikuwa anaongea na kanisa. "Zilipofika tatu nilikimbilia shule. Sikuangalia njia, nilianguka kwenye mfereji, kovu hili hapa. Zilipofika saba nikageuka, nikakimbilia kwa mama. Pale katikati nilikuwa nimeshawazika wote wawili." Akarekebisha kanga yake. "Mama alicheka, ni kweli. Aliwapikisha watu chai. Lakini usiku aliniuliza, Vaileth, sasa nikifa kweli, wataamini? Na alipokufa hakupigiwa hata moja."

Alitoka kwenye benchi lake, akaenda hadi kwa mwenyekiti wa baraza na kunyoosha mkono. Mwenyekiti alimtazama mchungaji, mchungaji akaitikia kwa kichwa. Vaileth akachukua ule ufunguo wa mnara, akatembea mpaka nyuma ya kanisa, akampa Mzee Abdiel kwa mikono miwili.

"Mpigie," akasema.

Alichukua muda mrefu kupanda. Tulisikia kila hatua kwenye ngazi. Waumini wote walisimama bila kuambiwa, na mimi nikasimama palepale mbele, peke yangu, hakuna aliyeniita kando. Pigo la kwanza likalia. Likaachwa mpaka likafifia lote, mpaka tukasikia ndege nje, ndipo likaja la pili. Sasa nilielewa kwamba kengele ya msiba nilikuwa sijawahi kuirekodi. Niliyokuwa nayo, niliyoipeleka Dar na Nairobi, ilikuwa hofu ya mzee mmoja.

Pigo la tatu lilipolia nilimwona Vaileth akimshika mwanawe begani. Alijua kengele ni ya mama yake. Alijua zitafika saba. Bado alimshika, na hakumwachia mpaka la nne lilipolia.

Baada ya ibada watu kadhaa walinipa mkono, wengine walinikwepa. Baraza lilinitenga na meza ya Bwana kwa miezi sita, na nitakaporudi kundini nitasimama pale pale mbele. Vaileth alinipita mlangoni bila neno.

Jumatatu nilikwenda Engutoto nikamwomba Hans aliondoe lile pigo la tatu kwenye filamu, aondoe hata kengele yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaniambia filamu imeshasambaa, haiwezi kurudishwa.